Chupa 25 Tulizoziacha Kisumu

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba zake.

Ama baad. Wasomaji watukufu, wiki hii nimeombwa niandike habari za safari ya Kisumu, tuliyoifunga wakati wa likizo ya Agosti pamoja na vijana 16 wa madrasa, kwenda kucheza mpira na vijana wenzao Waislamu wa huko. Wazazi wengi wamekwisha kuyasikia matokeo: tulishinda mechi moja, tukafungwa moja. Mimi nitaeleza jambo ambalo huenda watoto hawakulisimulia nyumbani, kwa sababu aibu yake ni yangu zaidi kuliko yao.

Kutoka Mombasa hadi Kisumu ni zaidi ya kilomita 800. Tuliondoka baada ya swala ya Isha, tukaswali Alfajiri karibu na Nairobi, na jua lilipopanda tukawa tumeiacha Nakuru nyuma. Huko Kericho vijana walishangazwa na mashamba ya chai yaliyotandikwa vilimani kama mikeka mipya, na wakalalamika baridi. Kisha barabara ikateremka hadi tambarare ya Ahero penye mashamba ya mpunga, joto likarejea, nao wakavua masweta wakasema sasa wamefika kwao. Adhuhuri ilitukuta mjini Kisumu.

Mji huu na wetu ni ndugu wa siku nyingi. Reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896 ilifika ziwani mwaka 1901, na bandari iliyozaliwa mwisho wa reli ile iliitwa Port Florence kabla ya jina la Kisumu kushika. Waislamu wa mji huu ni wa asili nyingi: Wajaluo, Wanubi, Wahindi, Wasomali, na watu wenye jamaa zao pwani. Ukiingia msikitini utasikia salamu ile ile na Kiswahili chenye lafudhi nyingine, na moyo utatulia.

Jioni ile tuliwapeleka vijana waone ziwa. Ziwa Victoria, ambalo Wajaluo huliita Nam Lolwe, lina eneo la kilomita za mraba zipatazo 68,800, na Kenya ina asilimia 6 tu ya eneo hilo. Mtoto mmoja aliyezaliwa na kukulia Mji wa Kale alichovya kidole majini akakiramba, akanigeukia kwa mshangao: “Ustadh, hayana chumvi!” Tulicheka sote. Mama mmoja muuza samaki aliyekuwa karibu hakucheka. Alimwambia kwa upole, “Mwanangu, usionje tena. Maji haya si ya kuonja.” Sikulizingatia sana neno lake wakati ule.

Asubuhi ya pili tulipanda basi letu kwenda kiwanjani. Njia yetu ilipita karibu na Uwanja wa Moi, ambao wapenzi wa Gor Mahia wanaujua vizuri. Jirani yake ni Kachok, jaa la taka ambalo kwa miongo mingi lilipokea uchafu wa mji mzima. Serikali ya kaunti iliahidi kulihamisha, na sehemu ya taka zake ikahamishwa kweli. Hata hivyo harufu ilituingilia madirishani, na juu yetu waliruka korongo wakubwa wenye vipara, wale ndege wanaoishi kwa kuokota jaani. Mchezaji wetu mmoja aliziba pua kwa kola ya jezi akauliza, “Kwani hapa watu huchezaje mpira?” Nami nikamjibu, “Wanacheza, kwa sababu hawana pengine.” Ndani ya nafsi yangu niliwasikitikia, na katika masikitiko yale kulikuwa na chembe ya kujiona bora. Mwenyezi Mungu hakuchelewa kunionyesha.

Kabla ya kuondoka Mombasa nilichelea matumbo ya watoto wa watu. Maji ya ugenini huweza kuwadhuru, na mimi ndiye niliyebeba amana yao. Basi nikanunua katoni 4 za maji ya chupa ndogo, kila katoni chupa 24, jumla yake 96. Nilijiona mwangalifu. Tulipofika kiwanjani, ambacho kilikuwa cha shule, tuliwakuta wenyeji wetu wameweka kando ya mstari mitungi 2 mikubwa ya maji, yenye mabomba madogo, na vikombe vilivyopangwa juu ya sinia na kufunikwa kitambaa. Maji yale yalichemshwa usiku uliotangulia na akina mama wa msikitini. Aliyewaongoza ni mama wa makamo anayesomesha wanawake pale mtaani; jina lake ninalisitiri kwa kuwa sikumwomba ruhusa.

Mechi ya kwanza ilikuwa nzuri. Dini yetu haikuukataza mchezo wenye heri. Mtume, rehema na amani zimshukie, alishindana mbio na Bibi Aisha, radhi za Allah ziwe juu yake, akashindwa mara moja na kushinda mara nyingine. Na mashindano ya farasi na ya kulenga mishale yalijulikana Madina. Niliwatazama vijana wetu wakikimbia, nikafurahi. Kila walipopumzika walichukua chupa, wakanywa nusu, wakatupa nyasini. Wengine walijimwagia kichwani kilichobaki. Vijana wa Kisumu walikwenda mtungini, wakanywa, wakarudisha kikombe kwenye sinia.

Wakati wa mapumziko yule mama alinijia. “Sheikh, samahani nikuulize. Hizi chupa mtarudi nazo Mombasa?”

Nikamjibu bila ya kufikiri, “La, mama. Watu wa taka watazichukua.”

Akasema kwa sauti ya chini, ili asinifedheheshe mbele ya vijana: “Watu wa taka ndio sisi, sheikh. Zikiokotwa zitapelekwa jaani. Zisipookotwa, mvua itazipeleka ziwani. Na ziwa ndilo tunalolinywa.”

Sikuwa na jibu. Maneno yake yalikuwa kweli tupu: maji mengi ya mabomba ya Kisumu hutekwa kutoka ziwani, kwenye mtambo ulioko Dunga, yakasafishwa na kurejeshwa mjini. Mimi niliyeziba pua njiani ndiye niliyekuwa nikiwaongezea wenyeji wangu kile kilichonifanya nizibe pua.

Niliazimia kuwaambia vijana waokote baada ya mechi ya pili. Huo ndio udhaifu wa wema unaoahirishwa. Mvua za Kisumu huja mchana kwa ghafla, na ile ya siku hiyo ilituangukia kabla ya kipenga cha mwisho, mvua nene yenye radi. Refa alisimamisha mchezo, sote tukakimbilia veranda ya shule. Kutoka pale niliona kwa macho yangu chupa zikielea, zikizunguka, zikiufuata mfereji uliopita nyuma ya goli, moja baada ya nyingine, mpaka zikatoweka chini ya ukuta.

Mvua ilipokatika tuliingia matopeni sote, mimi na vijana, tukaokota. Tulipekua nyasi na mfereji hadi karibu na Alasiri. Tulihesabu chupa 71. Zilizopungua ni 25. Zile 71 tulizitia magunia, na kijana mmoja mwenyeji akatupeleka kwa mnunuzi wa plastiki anayezipima kwa kilo. Fedha tulizopewa hazikutosha hata kununua katoni moja ya maji yale.

Jumapili asubuhi, kabla ya kurejea, wenyeji walitaka kutufurahisha. Walikuwa wamewaomba vijana wavuvi wa Dunga wafanye mashindano ya kupiga makasia, watoto wa pwani waone jinsi watu wa ziwa wanavyoendesha mashua. Vijana wetu, ambao wameziona mbio za majahazi za Lamu wakati wa Maulidi, waliisubiri kwa hamu kuliko mpira.

Tulipofika hapakuwa na maji ya kushindania. Upepo wa usiku ulikuwa umeleta gugumaji, likajaa kutoka ufukweni hadi mbali, kijani kitupu chenye maua ya zambarau, kana kwamba ni shamba ambalo mtu angeweza kulitembelea kwa miguu. Mashua zilikwama. Vijana watatu walijaribu kulisukuma kwa makasia, wakasonga hatua chache, wakakata tamaa. Mashindano yakaahirishwa, na sisi tulikuwa tuna safari.

Mzee mmoja mvuvi alitueleza. Mmea huu asili yake ni Amerika Kusini. Ulionekana katika ziwa hili mwishoni mwa miaka ya 1980, na baada ya miaka kumi hivi ulikuwa umeitanda Ghuba ya Winam, meli na mashua zikashindwa kutoka bandarini. Waliletwa wadudu wadogo wa kuula, likapungua, kisha likarudi. Kinacholilisha ni uchafu: maji ya vyoo vya miji yasiyosafishwa, na mbolea inayosombwa na mito kutoka mashambani. Ghuba haina kina kirefu, na mlango wake wa kutokea ziwa kuu ni mwembamba, kwa hivyo kinachoingia hukaa. Gugumaji likifunika, hewa hupungua majini, samaki huhama au hufa, na mvuvi hurudi na nyavu tupu.

Kando ya pale Dunga kuna kinamasi cha mafunjo, yale matete marefu ambayo wanawake wa huko husukia mikeka na vikapu. Mafunjo hayo ni chujio aliloliumba Mwenyezi Mungu: hunasa matope na uchafu kabla haujafika ziwani, na ndani yake samaki hutaga na ndege huishi. Nilisogea ukingoni. Katikati ya mashina yake zilinaswa chupa za plastiki, nyingi. Sidai kwamba zile 25 zilikuwa miongoni mwake. Lakini sikuweza pia kusema kwamba hazikuwamo.

Wasomaji wangu, msidhani kwamba plastiki hubaki kuwa chupa milele. Jua na mawimbi huimega vipande vidogo visivyoonekana, na samaki huvila. Watafiti walionunua sangara na sato sokoni Mwanza, ng’ambo ya pili ya ziwa hili, walieleza mwaka 2016 kwamba walikuta plastiki ndani ya samaki mmoja katika kila watano. Sangara ndiye huitwa mbuta upande wa Kenya, na sato ni ndugu wa ngege. Hao ndio samaki wanaosafirishwa hadi Nairobi na Mombasa, tukawakaanga majumbani mwetu. Maji ya ziwa nayo hutokea Jinja, yakawa mto Nile, yakapita Sudan mpaka Misri, kwenye mto ule ule ambao mamake Nabii Musa, amani imshukie, alimtia mwanawe kwa amri ya Mola wake. Mfereji ulioko nyuma ya goli moja la Kisumu si mfereji wa Kisumu peke yake.

Tukiwa njiani kurejea, niliwauliza vijana: nani mwenye kosa? Mmoja alisema ni baraza la mji ambalo halikuuziba mfereji. Mwingine alisema ni kiwanda kilichotengeneza chupa. Yapo majukumu ya serikali na ya wenye viwanda, na hatuwezi kuwaachia. Kenya ilipopiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea mwezi wa Agosti 2017, kwa adhabu ya faini hadi shilingi milioni 4 au kifungo, tuliona wenyewe jinsi miti ya kandokando ya barabara ilivyopumzika. Sheria husaidia. Lakini hakuna sheria iliyonilazimisha mimi kununua katoni 4, wala iliyonizuia kuwaambia watoto waokote wakati wa mapumziko, kabla ya mvua.

Sisi tunafundishwa kwamba kuondoa udhia njiani ni tawi la imani. Tumefundishwa pia kuwa wanaochafua mahali pa maji, njia za watu na vivuli wanavyopumzikia hujivutia laana. Wanavyuoni wakieleza hadithi hiyo hutaja haja za mwanadamu, lakini sababu ya katazo ni madhara yanayowapata watu, na sababu hiyo ipo katika chupa kama ilivyo katika najisi. Imepokewa vilevile katazo la kufanya israfu ya maji ya udhu hata kwa aliyeko kwenye mto unaopita. Na katika Suratur-Rum tunajulishwa kwamba uharibifu uliodhihiri barani na baharini umetokana na yaliyochumwa na mikono ya watu. Nimeisomesha sura hiyo kwa zaidi ya miaka 20. Pale verandani, nikizitazama chupa zikienda, ndipo nilipoona kwamba mkono unaotajwa unaweza kuwa huu wangu ulioshika chaki.

Michezo ina sehemu yake katika uharibifu huu, na ni sehemu kubwa kuliko tunavyodhani. Popote penye mechi pana chupa, pana mifuko ya vitafunio, pana magari yanayonguruma, pana jezi mpya. Jezi hizi nyingi ni za poliesta, nyuzi zinazotokana na mafuta ya petroli, ndugu wa plastiki. Nasi huchapisha nyingine kwa kila kombe la mtaa, kisha zikawa matambara. Wakubwa wa dunia wameanza kulishughulikia. Qatar, kwa Kombe la Dunia la 2022, ilijenga uwanja mmoja kwa makontena ya meli 974, ili uweze kufunguliwa na kuondolewa baadaye. Lakini kilichonigusa zaidi si majengo. Katika mashindano yale yale mashabiki wa Japani walibaki vitini baada ya mechi wakaokota taka, hata kwenye mechi ya ufunguzi ambayo timu yao haikucheza. Na miaka 4 kabla ya hapo, nchini Urusi, Senegal ilipoifunga Poland mabao 2–1, mashabiki wa Senegal, ambayo wengi wa watu wake ni Waislamu, walisafisha sehemu yao ya uwanja kabla ya kwenda kusherehekea. Hawakungoja watu wa taka. Walijua kwamba watu wa taka ni wao.

Nasi watu wa pwani tuna mfano wetu. Mafundi wa Lamu wakiongozwa na Ali Skanda waliunda jahazi la Flipflopi kwa takriban tani 10 za plastiki iliyookotwa, wakalipamba kwa vipande vya ndara zipatazo 30,000. Lilishushwa majini mwaka 2018, likasafiri hadi Zanzibar mwaka uliofuata. Mwezi wa Machi 2021 lilitweka tanga hapo hapo Kisumu, likalizunguka ziwa kwenda Uganda na Tanzania, kuwaonya watu juu ya taka za plastiki. Basi pwani ilikwenda Kisumu kwa chombo kilichoundwa kwa taka, kuwafundisha watu wasitupe. Miaka michache baadaye pwani ikaenda tena, safari hii na mimi, ikaacha chupa 25.

Kwa hivyo tumeafikiana, walimu na wazazi, mambo haya. Timu ya madrasa haitanunua tena maji ya chupa. Tumepata mitungi 2 yenye mabomba, na kila mchezaji atakuwa na kikombe chake kilichoandikwa jina. Akina mama wamekubali kuchemsha maji kwa zamu, na baba asiyekuwa kazini atayabeba mpaka kiwanjani, maana si haki mzigo wote uwe wa mama. Jezi zetu zitatumika miaka 3, na iliyochanika itashonwa. Mechi haitahesabiwa kuwa imekwisha mpaka pande mbili zizunguke kiwanja na kuokota, walioshinda na walioshindwa. Na wale wanaoandaa mashindano ya Maulidi, iwe Lamu au kwetu, nawaomba kwa heshima wafikirie jambo hili kabla ya kununua katoni.

Watoto wadogo nao wasisahauliwe. Zamani walijisokotea mpira kwa makaratasi ya nailoni. Sasa wanatumia matambara na kamba. Mama ukikuta soksi imepotea, usigombe mno. Huenda imeingia mpirani, na mpira huo hauna deni kwa bahari wala kwa ziwa.

Nimemwandikia yule mama wa Kisumu kumshukuru na kumwomba radhi. Alinijibu kwa maneno machache: mwaka ujao tuje tena, maji ya kunywa yatakuwapo, na tumwombee mvua isiwahi. Inshallah tutakwenda. Nimewaambia vijana kwamba mara hii kabla ya mechi tutaanza na mfereji wa nyuma ya goli, tuusafishe pamoja na wenyeji, kwa sababu lile ni deni, na deni hulipwa hata kama mwenye nalo hakudai.

Mwenyezi Mungu atusamehe tuliyoyaharibu kwa mikono yetu, na atuwafikishe kuyatengeneza kwa mikono hiyo hiyo. Amin.

Wabillahi tawfiq. Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.